Kizingo cha Wakwe

Usinyooshe njia usiyoipinda.

Ndivyo shangazi yenu alivyomwambia yule kijana leo asubuhi, alipotaka mambo yote ya posa yaishe kwa kikao kimoja ili awahi basi la kurudi mjini. Nyote mkacheka, kisha mkaja kuniuliza maneno hayo yametoka wapi. Kaeni basi. Yametoka kwenye njia kweli, njia ya udongo na mawe, na kwa mtu mmoja mwenye haraka aliyeitwa Mbonea.

Zamani, kabla gari halijapanda milima ya Upare, kulikuwa na kijiji kiitwacho Irindi, juu sana, mahali ambapo ukungu huondoka ukipenda na usipopenda hauondoki. Kutoka Irindi kushuka hadi soko la Chekulu kulikuwa na njia moja tu. Umri wake hakuna aliyeujua. Haikuchimbwa na mtu, ilikanyagwa. Walipita wabeba chumvi kutoka nyikani, wakapita wahunzi na majembe yao, maharusi, ng'ombe wa mahari, wagonjwa waliobebwa kwa machela, mpaka njia yenyewe ikazama ardhini kama mfereji. Sehemu nyingine kingo zake zilimfika mtu mabegani, na mawe yake yalikuwa laini kama jiwe la kusagia.

Tena ilikuwa imepinda. Ilikwenda kulia bila sababu, ikarudi kushoto bila kuomba radhi. Na kona mbaya kuliko zote ilikuwa huko chini, pale ambapo mtu alikwisha kuliona soko na kusikia mbuzi wakilia. Hapo njia iligeuka ghafla, ikalipa soko kisogo, ikateremka mpaka mtoni, ikatambaa kando ya maji, ikapanda tena upande wa pili kwa jasho jingi, na kutokea karibu kabisa na pale ilipogeukia. Mtu akiita mwanzo wa kona, mwenziwe humwitikia mwisho wake. Katikati kulikuwa na pori la miiba, na nyuma ya miiba migomba mingi. Watu wa Irindi waliiita kona hiyo Kizingo, na kila aliyeizunguka aliilaani, akafika sokoni, akasahau.

Mbonea hakusahau. Mama yake alikuwa akisimulia kwamba siku ya kuzaliwa kwake mkunga alipofika alimkuta mtoto amekwisha kuzaliwa na anadai kunyonya. Alipokua alikula makande yakiwa bado yanatokota, machozi yakimtoka, akisema ni moshi. Ukimwamkia alikuwa amekwisha kuitika. Na ukianza kumwambia neno, yeye alikumalizia, maana aliamini anajua unakoelekea. Mara nyingine alijua kweli.

Kazi yake ilikuwa kutengeneza dengelua, pombe ya miwa, na aliijua kazi hiyo vizuri. Lakini dengelua nayo ina haraka zake. Asubuhi ni tamu, jua likiipata inaanza kuchemka yenyewe kwenye kibuyu, na ikicheleweshwa inakuwa chachu hata nzi wanaikataa. Mshindani wake, mtu wa ng'ambo ya mto aliyeitwa Mrindoko, alishuka sokoni kwa njia fupi ya upande wake, na kila siku ya soko Mbonea alimkuta amekwisha kuketi, wateja wamemzunguka na midomo yao ina povu.

Siku moja mambo yakazidi. Jua lilikuwa kali, na mbele ya Mbonea alikuwa akitembea Mzee Kangero, mkuu wa kijiji cha Irindi, taratibu kama wakuu wanavyotembea. Njia ni nyembamba, kumpita mkuu ni utovu wa adabu. Mbonea akafuata nyuma akihema, kibuyu begani, pombe ndani ikinguruma kama tumbo la mtu aliyekula maharage mabichi. Walipofika katikati ya Kizingo kizibo kikaruka. Kilimpiga Mzee Kangero kisogoni, na pombe yote ikafuata ilikokwenda kizibo.

Mzee Kangero alisimama, ananukia miwa kutoka kichwani hadi miguuni.

"Mbonea," akasema.

"Si mimi, mzee. Ni njia," akajibu Mbonea.

Nyuki walimsindikiza mkuu hadi sokoni, na Mrindoko alipowaona alicheka mpaka akaomba kushikwa. Jioni hiyo Mbonea aliapa mbele ya watu kwamba njia ile ataninyoosha yeye au yeye atainyoosha. Alikuwa na haraka hata maneno yalimtoka yamegongana, lakini watu walimwelewa.

Akaanza na kona ndogo, iliyokuwa karibu na kijiji, pale njia ilipozunguka uwanja wa nyasi tupu. Aliuliza kwa nini njia inazunguka nyasi, hakuna aliyejua, naye hakungoja wajue. Alichukua panga akakata moja kwa moja katikati ya uwanja, akapita, akarudi, akapita tena. Hakuna nyoka, hakuna bwawa, hakuna mzimu. Kesho yake ndipo bibi mmoja mkongwe alipokumbuka kwamba nyanya yake aliwahi kusimulia habari za mkuyu mkubwa uliokuwa umesimama hapo. Mkuyu ulianguka, ukaoza, ukaliwa na mchwa, lakini miguu ya watu haikupewa habari.

Irindi nzima ilicheka. "Kumbe tunauzunguka mti usiokuwepo!" Watoto wakawa wanakimbia kwenye njia mpya kwa furaha tu, na Mbonea akawa mtu wa maana. Mzee Kangero mwenyewe, ambaye bado nyuki walimtazama kwa matumaini, aliagiza msaragambo: siku itakayofuata ya kazi ya pamoja, kila mwanamume na panga lake, Kizingo kinyooshwe.

Sasa nawaomba msikilize jambo moja, maana bila hilo hamtaelewa yaliyofuata.

Wanaume wa Irindi, karibu wote, walioa kutoka kijiji kimoja kiitwacho Mpinji. Na siku zile mkwe alikuwa mwiko. Mwanamume na mama wa mkewe hawakuonana uso kwa uso, hawakula pamoja, wala hawakutajana majina. Wakikutana kwa bahati mbaya, mmoja hujitupa porini na mwingine hujifunika. Kwenda Mpinji kulikuwa na njia yake ya heshima, iliyopanda mlima hadi kileleni na kushuka upande wa pili. Mwanamume alifika langoni, akakohoa, kina mama wakaingia ndani, yeye akapokewa na wanaume wenzake. Basi kwa watu wa Irindi, Mpinji kulikuwa mbali, nyuma ya mlima. Walipafikia kwa mbele, kwa jasho, na kule nyuma ya kijiji hawakupatazama, kwa sababu mkwe mwenye adabu hachungulii nyuma ya nyumba za watu.

Na katika adabu hiyo Mbonea alikuwa wa kwanza. Miaka yote ya ndoa yake hakuwahi kuona hata kisigino cha mama mkwe wake, Nakiete. Kwa jambo hilo moja hakuwa na haraka.

Mkewe aliitwa Namkunda. Aliposikia habari za Kizingo, aliweka chini ungo wa maharage.

"Mbonea, lile pori ukilikata moja kwa moja utatokea..."

"Nitatokea sokoni!"

"Hapana. Kabla ya soko kuna..."

"Kuna migomba, naiona kila siku. Mgomba haunishindi."

"Na nyuma ya migomba hiyo kuna nyumba za..."

"Za nyuki? Tutawafukiza. Mke wangu, una woga kama wa wazee."

Namkunda akachukua ungo wake. "Haya," akasema. Ninyi wanaume mtakaooa, neno "haya" la mwanamke aliyekatizwa mara tatu msilipite hivi hivi. Lakini Mbonea alilipita kwa furaha, akaenda kunoa panga. Namkunda akakusudia kwenda kumwonya mama yake siku ya pili yake kwa njia ya mlimani. Tatizo ni kwamba Mbonea hakungoja siku iliyopangwa. Alfajiri alikuwa akigonga milango ya watu, anawaambia msaragambo ni leo, kwani kuna ubaya gani kuwahi?

Wakashuka kundi zima, mapanga mabegani, wakiimba. Kwenye kundi hilo alikuwemo Sefue, rafiki wa Mbonea, mtu mzima aliyekuwa hajaoa kwa sababu kila alipotumwa kuposa alisahau alichotumwa akaanza kupiga hadithi. Kazi ilikwenda vizuri. Miiba ilikuwa mingi na mikongwe, imeshikana kana kwamba imesukwa kwa mkono.

"Hii kama imepandwa," akasema Sefue.

"Miiba haipandwi," akajibu Mbonea, bila kusimama.

Jua lilipopanda wakaingia kwenye migomba. Kutoka mbele wakasikia mchi ukitwanga, tu, tu, tu. Mbonea akasema ni mwangwi wa mapanga yao. Wakanyamazisha mapanga, mwangwi ukaendelea. Mbonea hakuwa na nafasi ya kulifikiri hilo. Aliona mwanga mbele, akapiga kelele, "Tumefika, jamani!" akakata jani kubwa la mwisho, jani likaanguka kama pazia.

Hapakuwa soko. Palikuwa na ua uliofagiliwa vizuri, na katikati yake ameketi mwanamke mfupi, mnene kidogo, juu ya kigoda, miguu yake ndani ya chungu cha maji ya moto. Nyuma yake mwanamke mwingine alikuwa akimnyoa. Nusu ya kichwa ilikuwa imenyolewa inang'aa, nusu ilikuwa bado.

Mwanamke akamtazama Mbonea. Mbonea akamtazama mwanamke. Hakuwahi kuiona sura hiyo, lakini macho yale aliyajua, maana kila asubuhi yalimtazama kutoka upande wa pili wa jiko. Yalikuwa macho ya Namkunda.

Kwa mara ya kwanza katika maisha yake Mbonea alikosa haraka. Alisimama tu, panga hewani.

Nakiete alinyakua ungo akajifunika kichwa kizima. Hapo Mbonea akazinduka, akageuka, akakimbia kurudi alikotoka. Lakini nyuma yake lilikuwa likija kundi zima la wanaume waliosikia "Tumefika!" Walimsukuma, wakampita, wengine wakamkanyaga, wakamwagika uani kama mahindi kutoka gunia lililopasuka. Na nyumba za Mpinji zimekaribiana, ua mmoja unaingia kwenye mwingine, na asubuhi hiyo wanaume wa Mpinji walikuwa machungani. Waliokuwepo ni kina mama. Yaani wakwe. Wakwe wote wa Irindi.

Sijui niwaelezeje. Mmoja alijitupa kwenye mfereji akalala kifudifudi ndani ya maji, akiamini kwamba asipoona haonekani. Mwingine aliingia kwenye banda la kuku, kuku wakatoka wote, yeye akabaki. Watatu walipanda mgomba mmoja, na ninyi mnajua mgomba ulivyo. Ulikunja kiuno taratibu ukawaweka chini mbele ya wale wale waliokuwa wakiwakimbia. Kina mama nao walikuwa wanapiga yowe, wanajifunika kwa vyungu, kwa majani, kwa mikeka, na mmoja kwa mtoto.

Mzee Kangero, kwa uzee wake, mama mkwe wake alikuwa bado hai, bibi kipofu aliyekuwa akiota jua mlangoni. Mkuu alikuwa akinyata kumpita, na karibu afaulu, alipokanyaga kijiti.

"Nani huyo?" akauliza bibi.

Mzee Kangero akili ilimhama. "Mbuzi," akajibu.

Bibi akatikisa kichwa. "Mbuzi wa siku hizi," akasema, "wana adabu. Wakiulizwa wanajibu."

Wanaume wa Irindi walirudi nyumbani kwa vipande vipande. Hakuna aliyeimba. Namkunda alimwona mumewe akiingia, ana matope na manyoya ya kuku, akampa maji ya kuoga, wala hakumwuliza kitu. Hilo lilimuuma Mbonea kuliko kama angeulizwa.

Kwa kosa kama lile mila ilidai mbuzi wa kuondoa aibu, na kila mtu alijua hivyo. Ila nani apeleke maneno, wakati kila mume ana aibu yake? Wakamtazama Sefue. Hakuwa na mke, kwa hiyo hakuwa na mkwe, kwa hiyo ndiye mtu pekee katika kijiji kizima aliyeweza kusema na kina mama wa Mpinji macho kwa macho. Sefue, ambaye maisha yake yote alikuwa akiambiwa anyamaze, alikubali kabla hawajamaliza kumwomba.

Wakakutana pale kwenye uwazi mpya. Ukatundikwa mkeka mpana kati ya miti. Upande huu wakakaa wanaume, upande ule wakakaa kina mama, na Sefue akasimama kwenye ukingo wa mkeka, jicho moja huku na jicho moja kule. Kila upande ulisikia upande wa pili vizuri kabisa, lakini heshima ni heshima. Neno lilipaswa kupita kwa Sefue.

"Mwambie mama mkwe," akasema Mbonea, "nimekosa, na nitaleta mbuzi."

"Anasema amekosa, na ataleta mbuzi," akasema Sefue. "Mnono," akaongeza.

"Mwambie mkwe wangu," ikasema sauti ya Nakiete nyuma ya mkeka, "sitaki mbuzi. Nataka kumshukuru."

"Anataka kukushukuru."

"Nimesikia. Muulize ananishukuru kwa nini?"

"Anauliza..."

"Nimesikia. Mwambie hivi. Binti yangu aliolewa, na njia ya kwenda kwake ni ya mlimani. Magoti yangu hayafiki tena kileleni. Mtoto wake wa kwanza nilimwona alipoletwa akiwa mchanga. Wa pili sijamwona. Nasikia sauti za watu wa Irindi wakipita huko mtoni kwenda sokoni, nasikia hata kicheko cha binti yangu, lakini hapa katikati wazee wetu walipanda miiba ili wakwe wasikutane, na sisi hatukuthubutu kuigusa. Leo mkwe wangu ameikata kwa mkono wake. Aliyefungua ni yeye, kwa hiyo mwiko umekwisha. Kesho nitakuja kumwona mjukuu wangu."

"Na mimi," ikasema sauti nyingine.

"Na mimi."

"Na mimi," akasema bibi kipofu. "Nataka kumwona yule mbuzi."

Sefue alifungua mdomo ili ayafikishe, akaona nyuso za wanaume, akaufunga. Yalikuwa yamefika.

Na kweli wakaja. Jua halijapasha mawe, walipanda kwa njia iliyonyooka, vikapu vya ndizi vichwani. Mbonea alikuwa anakula makande aliposikia mlangoni, "Hodi, Namkunda!" Nyumba ilikuwa na mlango mmoja. Akajipenyeza kwenye majani ya ukuta wa nyuma, akatokea nje na bakuli mkononi, akakimbilia shambani kwenye miwa. Kutoka huko akamsikia Nakiete akisema kwa sauti ya kufika mbali, "Mwanangu, nyumba yako ina tundu nyuma. Huna mume wa kuziba?"

Alidhani yuko peke yake. Alipozoea kivuli cha miwa akaona macho. Jirani yake wa kulia alikuwa amechuchumaa pale, na jirani wa kushoto, na mbele kidogo Mzee Kangero amekaa juu ya kilemba chake, anatafuna muwa.

"Wataondoka lini?" akanong'ona Mbonea.

"Wangu ameleta kitanda," akajibu Mzee Kangero.

Mambo yakawa hivyo kila siku. Wakwe walikuja na ukungu wakaondoka na jua. Wanawake wa Irindi walikuwa na furaha isiyo na kifani. Watoto walinenepa, nyumba ziliimba. Sefue naye alinenepa. Kila nyumba ilimkaribisha, maana alikuwa mwanamume pekee wa kula chakula kilichopikwa. Waume waliishi kwenye miwa. Na kwa kuwa mtu hawezi kukaa siku nzima kwenye miwa mdomo mtupu, waliitafuna. Waliitafuna miwa ya Mbonea mstari kwa mstari, mpaka siku moja Mbonea alipokwenda kuvuna akakuta makapi. Alikuwa na njia iliyonyooka kama mkuki kuelekea sokoni, na hana hata kibuyu kimoja cha kupitisha.

Alikaa juu ya makapi yale akawaza. Alikuwa na muda, kwa kuwa hakuwa na mahali pa kwenda. Aliwaza habari za miwa kwanza, kama binadamu yeyote. Lakini sauti za ndani ya nyumba zilimfikia, akamsikia mtoto wake wa pili akicheka kicheko ambacho yeye hakuwahi kumchekesha, na Nakiete akimwimbia. Hakuwahi kufikiri kwamba wakati yeye akilaani Kizingo kwa kumchelewesha kidogo sokoni, upande wa pili wa miiba ile ile kulikuwa na mtu aliyezuiwa kabisa. Jioni, wageni walipoondoka, aliingia ndani akaketi karibu na mkewe.

"Siku ile," akasema, "ulikuwa unataka kuniambia nini?"

Namkunda akamwambia. Alichukua muda mrefu, maana alikuwa na mengine pia, ya miaka. Mbonea akasikiliza yote. Mara mbili alifungua mdomo, mara mbili akaushika kwa mkono.

Mkeka ukatundikwa tena. Safari hii wanaume walikuja wamekonda, na Sefue alikuja anaburuta sauti, imekwisha kwa kazi nyingi na chakula kingi.

"Mwambie mama mkwe," akasema Mbonea, "tunaomba kurudisha miiba ya wazee. Lakini miiba isimzuie yeye. Tutaacha uchochoro katikati ya migomba, mfupi, wa watu wafupi, apite kumwona mjukuu wake siku anayotaka. Sisi tutazunguka Kizingo kama baba zetu. Naomba tu akija akohoe kwa mbali, nipate kumaliza makande yangu."

Nyuma ya mkeka kina mama wakanong'onezana. Kisha wakacheka, na kicheko chao kilikuwa chema.

"Mwambie mkwe wangu nimekubali," akasema Nakiete. "Nitakohoa. Lakini nina neno, na Sefue ulifikishe lote, usipunguze. Mwambie: mtu akiikuta njia imepinda, na yeye hakuwepo ilipopindwa, wala hajui ni nani aliyeipinda, wala kwa sababu gani, na huenda sababu ni mkuyu ulioanguka zamani, na huenda sababu bado imekaa kwenye kigoda inanyolewa, basi asichukue panga kwanza. Aulize. Na akiuliza angoje jibu. Na akijibiwa amwache mwenzake afike mwisho wa maneno, maana mwisho wa maneno ndiko walikokuwa wamekaa wakwe zake. Akifanya hayo yote, na akaona kweli njia haina sababu, hapo anyooshe, nami nitamsaidia kufyeka. Umesikia, Sefue?"

Sefue koo lilimkwaruza. Alitazama upande wa wanaume, akakusanya sauti yote iliyombakia, nayo ilikuwa kidogo.

"Anasema," akasema, "usinyooshe njia usiyoipinda."

Mzee Kangero akafikiri Sefue ameharibu shauri.

"Ndivyo nilivyosema," akajibu Nakiete.

Pande zote mbili zikacheka, mkeka ukatikisika, na hata bibi kipofu alisikika akilirudia neno hilo peke yake, kama mtu anayeonja chakula kipya.

Miiba ikapandwa upya na mikono ya wale wale walioikata, nao waliipanda kwa bidii kuliko walivyofyeka. Kona ya mkuyu waliiacha imenyooka, kwa sababu mkuyu haukuwa na malalamiko. Mbonea akapanda miwa mingine. Ilipokomaa akashuka tena sokoni kwa kuzunguka Kizingo, na kwa kuwa alikuwa ameanza kuchoka kugombana na njia, alipofika mtoni alikaa, akakizamisha kibuyu majini hadi shingoni, akapumzika. Dengelua ikafika Chekulu ikiwa baridi, kizibo kimetulia. Kama ilikuwa bora kuliko ya Mrindoko, hilo watu walibishana mpaka wote wawili walipozeeka.

Miaka mingi baadaye alikuwa amekaa hapo hapo mtoni, kijana mmoja akamkuta. Alikuwa mgeni aliyehamia Irindi, amebeba mzigo, jasho linamtiririka. Hakuamkia vizuri. Alianza palepale kusema ubaya wa kona ile, jinsi inavyopoteza nguvu za watu, jinsi soko linavyoonekana pale juu halafu mtu anateremshwa kama anarudi nyumbani, na jinsi yeye, akipata panga na vijana wenzake wachache, angelikata lile pori kwa asubuhi moja. Alisema kwa muda mrefu. Mbonea alimsikiliza, mguu mmoja majini, wala hakumkatiza.

"Umemaliza?" akauliza.

"Nimemaliza, mzee."

"Hakuna lililobaki?"

"Hakuna."

"Umeoa wapi, mwanangu?"

Kijana akashangaa. Akatua mzigo wake chini. "Nimeposa tu, mzee. Naoa mavuno yakiisha. Binti wa Mpinji."

Mbonea akamsogezea kibuyu ili anywe.

"Basi nisikilize na mimi," akasema. "Usinyooshe njia usiyoipinda."